Herufi Mbili za Shaba

Sogeeni karibu. Leo nina kesi, hukumu sina.

Katika karakana moja ya vifaa vya hospitali mjini Moshi walikuwapo watu watatu. Mzee Shekiondo alijaliwa jicho, Bi Namsifu alijaliwa subira, na Nasieku, mdogo wao, alijaliwa wepesi.

Kabla ya kompyuta, Mzee Shekiondo alibuni bodi ya saketi ya mashine ya kuwapa joto watoto njiti. Alibandika utepe mweusi juu ya karatasi ya plastiki, kila utepe njia ya umeme ambayo kiwandani ingegeuka shaba, miezi minne, mpaka mgongo ukakataa kunyooka. Pembeni akaweka herufi mbili za jina lake, zitokee kwa shaba, kama ilivyokuwa desturi ya mafundi.

Miaka ikapita, utepe ukaanza kubanduka. Kompyuta ya kwanza ilipofika, Bi Namsifu alipima kila njia kwa rula na kuichora upya kwenye skrini, miezi minne naye, macho yakimwuma. Herufi za mzee akazichora vilevile. Zake hakuweka.

Mwaka jana vipuri vya zamani viliadimika, vikaja vidogo zaidi, ikabidi bodi ipunguzwe iwe nusu. Nasieku akatumia programu mpya inayopanga njia yenyewe. Ilimaliza kabla chai haijapoa, lakini bodi ya majaribio ilichemka vibaya. Akahangaika nayo miezi minne, mpaka ikatulia.

Mwishoni programu ikamwuliza: hapa pana shaba isiyounganishwa na kitu, ifutwe? Akabonyeza ndiyo bila kutazama. Pengo likabaki, akaweka herufi zake.

Bodi zilipotoka kiwandani, Mzee Shekiondo aliishika moja, akapapasa ile pembe kwa kidole akizitafuta herufi zake. Nasieku alitamani ardhi immeze. Akakiri kosa, akaomba radhi.

"Mwanangu, katika njia hizi mkono wangu haumo tena," mzee alisema. "Mwandike Namsifu. Bila yeye kazi yangu ingekuwa takataka."

"Mimi nilinakili tu, Mzee," Bi Namsifu akajibu. "Mashine inapasha joto leo kwa sababu ya Nasieku. Ziacheni herufi zake."

Kiwanda kinasubiri toleo jipya, na bodi ina nafasi ya herufi mbili tu. Nasieku amekaa mbele ya skrini. Dhamiri inamsuta azifute zake, na kinachomwumiza zaidi ni kwamba bado anazitaka.

Je, ungekuwa wewe kwenye kiti kile, ungeandika jina la nani?