Rundo la Kiboko na Pua ya Nguchiro

"Nianze?"

"Anza, Bibi!"

"Mtaniamini?"

"Hata kidogo!"

"Afadhali. Wanaoamini upesi wananitia shaka."

Basi, chuo kikuu cha wanyama kilikuwa na maktaba, na mkuu wake Kiboko. Vitabu alivirundika mpaka darini, akalala mlangoni, foo! foo! Kila mwaka vyuo vya porini hushindana nani ana rundo kubwa. Wakaguzi huchungulia dirishani, basi, wamekwenda zao.

Nguchiro alikuwa mwanafunzi pale. Mwanawe kavimba tumbo, hanyonyi, waganga wamechemsha mizizi wameshindwa. Akaja mlangoni.

"Mzee, niazime cha dawa."

"Kikitoka kimoja, rundo linapungua. Nenda!"

Kesho yake: "Mzee, niazime cha dawa."

"Nenda!"

Safari nyingine hakuomba. Alinusa, pua upande wa vitabu vya dawa. Nusa-nusa, nusa-nusa.

"Unanusa nini?"

"Matofali, Mzee. Watu wanasema katikati ya rundo umejaza matofali."

Kiboko akamkodolea jicho. "Unanitega wewe."

"Mimi, kidudu kama hiki? Haya, tuyaache. Ila wanasema hata vitabu ni majalada, ndani hamna neno."

Foo! Kiboko akainuka. Akachomoa kimoja upande ule ule, puu! "Hili tofali?"

"Jalada hilo. Ndani sijui."

Kiboko akasoma kwa kelele: "Tumbo la kuvimba, dawa yake mzizi mweupe wa bondeni."

"Labda ni hicho tu."

Puu! "Mizizi myeupe ni miwili, mmoja unaua!"

"Hm. Na kile cha chini?"

Puu! "Unaoua hunuka ukikatwa!"

"Na kile cha chini kabisa?"

Puu! "Uchemshwe na majivu, unywewe ukipoa!"

Mnaona? Angeishia cha kwanza, angemzika mwanawe.

"Haki ya Mungu, si matofali," akasema Nguchiro. Chwii! Kapotea. Jua halijazama, mtoto ananyonya.

Kiboko alikuwa bado anachomoa na kupiga kelele, vitabu vimetapakaa sakafuni, wakaguzi walipofika. Wakachungulia dirishani. Hawakuona rundo.

"Chuo hiki hakina maktaba," wakasema, wakaenda zao.

Ngano imeketi, anayebisha asimame yeye. Na funzo lake: vitabu visisomwe, wanangu, vikisomwa vinaharibu rundo. Mkiuguliwa, kaeni nje mtazame ukubwa wake. Mtapona kwa macho.