Kwa Nini Mnavu Ni Mchungu na Huota Jalalani

Kitabu walichopewa wajukuu zangu shuleni kina picha ya karoti yenye macho na mdomo, inacheka. Kabichi nayo imevaa kofia. Nimekisoma chote, kurasa kumi na sita, nikafika mwisho bila kukuta mnavu hata jani moja. Kinasema mboga za majani hujenga mwili na kulinda macho, na hilo ni kweli, sikatai. Lakini mtoto akiuliza, kama mboga ni nzuri hivyo, mbona nyingine ni chungu, kitabu kimenyamaza. Basi kaeni, kunjeni miguu, niwaeleze. Mboga haicheki. Mboga iliwahi kufanya jambo kubwa kuliko kucheka.

Zamani hizo, mlima wetu ulipokuwa haujapata ziwa lile dogo la juu ambamo maji ya mifereji yetu hutoka, mnavu ulikuwa mti. Sisemi mti kama mpera. Watu wanane wakishikana mikono hawakuweza kuuzunguka. Ulikuwa mmoja tu katika nchi nzima, umesimama kileleni, ndani ya msitu ambamo hakuna aliyethubutu kukata kuni. Majani yake yalikuwa mapana kama ungo, na matunda yake yalikuwa meupe, yaking'aa kama umande kabla jua halijaugusa. Na ulikuwa mtamu. Upepo ukivuma kutoka juu, harufu yake ilishuka hadi bondeni, na mbuzi waliacha kutafuna wakainua vichwa. Watu nao walinyamaza. Hata wagomvi.

Kila mwezi ulipoandama, wazee saba walipanda msituni na vikapu, wakachuma, wakashuka. Wanawake walipika, wazee wakala. Watoto walipewa ugali wa mtama na chumvi, basi. Ndiyo iliyokuwa mila: kitu kitamu ni cha mkubwa. Aliyeilinda mila hiyo ni Mzee Mgonja, mlinzi wa mti, mtu mrefu mwenye sauti ya kuamrisha ng'ombe. Yeye alikuwa akisema kwamba mtoto akionja jani la mti ule, mvua itakata miaka saba. Hakuna aliyewahi kuona mvua ikikatwa na mdomo wa mtoto. Lakini mwenye kushiba akisema jambo, mwenye njaa huitikia.

Kwa hiyo watoto wa zamani waliililia mboga. Ndiyo, ninyi mnaosukuma sahani, nawaambia. Walisimama nyuma ya jiko wakivuta harufu kwa pua, na wakifukuzwa, walirudi.

Sasa katika nchi ile palikuwa na ugonjwa ambao watu waliuzoea kama tunavyozoea kupe. Watoto walikuwa hawaoni jioni. Mchana walicheza vizuri, lakini jua likigusa mlima wa pili, walianza kupapasa kuta kama kuku wanaotafuta banda. Wengine walikua nao hivyo. Wengine giza lile liliwakalia hata mchana.

Palikuwa na mwanamke aitwaye Nakijwa, mjane, mdogo wa umbo na mgumu wa kichwa. Mtoto wake wa kwanza alianza hivyo hivyo, jioni kwanza, kisha mchana, na siku moja akatumbukia gengeni akifuata sauti ya wenzake. Nakijwa alimzika. Alibaki na binti mmoja, Namkunda, wa miaka sita. Jioni moja Namkunda alinyoosha mkono kupokea bakuli, akauingiza motoni. Nakijwa akampaka asali kwenye kidonda, akakaa akimtazama. Hakulia. Machozi aliyamaliza kwa yule wa kwanza. Alijua kinachokuja, na alijua kwamba hataki kuzika wa pili.

Mtu asiye na pa kukimbilia huanza kutazama vizuri. Nakijwa alimtazama Mzee Mgonja. Mzee yule alikuwa na meno matatu tu, magoti yake yalilia kama mlango, lakini jua likishazama alikuwa akisimama mlimani kwake na kumtambua mbuzi wake ng'ambo ya bonde, akataja na rangi ya sikio. Wale wazee sita wengine pia. Nakijwa akajiuliza, hawa wazee wanakula nini ambacho mwanangu hali? Hapo hapahitaji mganga.

Ilipofika zamu yake ya kuosha vyungu vya wazee, hakuviosha. Alivikwangua kwa kidole, akapata mchuzi wa kujaza kijiko kimoja, akamnywesha Namkunda nyuma ya nyumba. Mtoto alifumba macho kwa utamu. Siku ya pili akampa tena, na ya tatu. Jioni ya tatu walikuwa wanaingiza mbuzi, Namkunda akasimama, akashika nguo ya mama yake.

"Mama," alisema, "nani amewasha moto kule juu?"

Ilikuwa nyota ya jioni. Hakuwahi kuiona.

Heri angeiona akanyamaza. Mtoto hanyamazi. Kesho yake aliwahadithia wenzake juu ya moto wa juu, na wenzake wakawahadithia mama zao, na kabla chungu kingine hakijapikwa Mzee Mgonja alikuwa mlangoni kwa Nakijwa, amesimama na fimbo yake. Nakijwa alimpa kigoda. Hakukikalia. Akamuuliza kama ni kweli. Nakijwa akasema ni kweli, akamwomba kwa heshima, kama mkwe anavyoomba, kwamba watoto wa kijiji wapewe konzi moja moja ya majani kila mwezi, si zaidi.

"Mwanangu," mzee akasema, "leo watoto wale mboga, kesho watavaa joho langu. Na mimi nile nini, ugali na chumvi?"

"Baba, ndicho wanachokula wao."

"Wao wana meno."

Wazee waliokuwa nyuma yake wakacheka. Tangu siku ile ikaamriwa kwamba vyungu vya mboga visuguliwe na wazee wenyewe, kwa mchanga, na mwanamke asivisogelee. Mwezi ukaisha. Namkunda akarudi kupapasa kuta. Ile nyota ilimpotea, na sasa alijua kilichompotea, na hilo ni baya zaidi.

Nakijwa alingoja alfajiri, akambeba mtoto mgongoni, akapanda. Mwanamke alikuwa haruhusiwi kuingia msitu ule. Walisema atakufa akiwa amesimama. Alipanda hivyo hivyo. Alifikiri kwamba akifa amesimama, angalau mtoto hataanguka kutoka juu sana.

Msituni palikuwa kimya. Ndege hawakulia, ukungu ulikuwa umelala chini kama maziwa kwenye kibuyu, na miguu yake haikutoa sauti. Kisha akaingia katika harufu ile, na harufu ikawa nzito, akasikia kama anatembea ndani ya maji. Akaona shina. Akainua macho kulifuata juu, akaendelea kuinua, mpaka shingo ikauma, na mwisho wake hakuuona. Matunda meupe yalining'inia maelfu kwa maelfu, na kila moja lilikuwa na jua dogo ndani yake, ingawa jua lenyewe lilikuwa halijatoka. Nakijwa alisahau maneno yote aliyokuja nayo. Akapiga magoti. Na hakuwa mwanamke wa kupiga magoti.

Mti haukuwa na mdomo. Sauti ilipanda kutoka ardhini, ikapita magotini mwake, akaisikia tumboni, mahali alipombebea mtoto.

"Miaka mingi wananichuma," mti ulisema. "Hakuna aliyewahi kuniletea mtoto. Nilidhani hamzai."

Nakijwa akasema wanazaa, na akaeleza habari yote, ya gengeni, ya motoni, ya kijiko na ya nyota. Mti ukasikiliza. Kisha ukamwambia kwamba ungependa kushuka kwa watoto, lakini utamu wake ndio kifungo chake. Popote utakapoota, mkubwa atauzungushia ua na kuuwekea mlinzi. Ndivyo walivyo watu, kitu kitamu hakimfikii mdogo.

"Basi utupe huo utamu," alisema Nakijwa.

Msitu wote ulisikiliza. Hata ukungu ulisimama.

"Nikiutupa nitakuwa mchungu," mti ukajibu. "Mgonja hatanitaka. Lakini hata huyo wako hatanitaka. Atanitema. Atakuchukia wewe unayempa."

Nakijwa alimgeuzia kichwa mtoto mgongoni, aliyekuwa amelala mdomo wazi.

"Atanichukia akiwa ananiona," alisema. "Nitamshika pua, atameza. Hilo niachie mimi."

Hapo mti ulitikisika. Wengine husema ulikuwa unalia, wengine husema ulikuwa unacheka, mimi sikuwepo. Uliamuru mtoto aamshwe, atazamishwe juu. Namkunda akafumbua macho yake mazito, na yale matunda meupe yote yakamgeukia, maelfu kwa maelfu, yakamtazama. Giza likaanza kumtoka. Lilitoka machoni mwake kama moshi mwembamba, likapanda, likaingia tunda la kwanza, likawa jeusi. Likaingia la pili. Kutoka bondeni, kutoka kila nyumba yenye mtoto aliyelala, ulipanda moshi mwingine kama huo, kimya, bila harufu, ukaingia matundani, mpaka juu pakawa peusi na panang'aa kama macho ya watoto wote wa nchi. Nakijwa alitaka kumfunika mwanawe uso. Mkono haukuinuka.

Kisha mti ukashuka. Haukuanguka, ulishuka. Shina lilizama ardhini taratibu kama mtu mzima anayechuchumaa ili aongee na mtoto, matawi yakafuata, na majani yakawa madogo kadiri yanavyoshuka, toka ungo hadi sahani, toka sahani hadi kiganja. Matunda yalipofika usawa wa uso wa Namkunda yakapasuka. Ndege ambao walikuwa kimya tangu dunia iumbwe wakaja kutoka pande zote, wakala, wakatawanyika juu ya vijiji. Pale mti uliposimama maji yakajaa, yakatulia. Ndilo ziwa lile. Ukipita pale hata leo, nyamaza.

Mzee Mgonja na wenzake walipopanda na vikapu vyao walikuta maji. Walizunguka siku nzima wakidhani wamepotea njia. Aliporudi kwake, mzee aliona nyuma ya nyumba, pale wanapomwaga majivu na maganda, mche mdogo ambao hakuna aliyeupanda, unafika magotini, una vitunda vyeusi. Akalitambua jani kwa umbo. Akalichuma kwa mikono miwili, akalitia mdomoni. Akalitema hadi ukutani. Akatangaza kijijini kwamba kuna gugu chungu limeota jalalani, halifai kwa mtu mwenye heshima, labda wanawake na watoto.

"Tumekusikia, Baba," walisema wanawake. Na wakaenda kuchuma.

Sitawadanganya kwamba watoto walifurahi. Waliutema. Walikimbia. Namkunda aliuma kidole cha mama yake mpaka damu ikatoka, na Nakijwa akamshika pua kama alivyoahidi, akangoja, mtoto akameza. Baadaye mama alijifunza kumwaga maji ya kwanza, kutia maziwa, kutia karanga zilizotwangwa, na ugomvi ukapungua. Haukuisha. Lakini jioni watoto walicheza nje mpaka wakaitwa mara tatu, na jambo hilo la kuitwa mara tatu lilikuwa geni katika nchi ile.

Miaka ikapita. Mzee Mgonja, aliyekuwa akila ugali na chumvi kwa heshima yake yote, akaanza kupapasa. Jioni moja alifika jikoni kwa Nakijwa akishika ukuta, akauliza kama pale ndipo wanapopika lile gugu. Nakijwa alikuwa na neno kali tayari mdomoni, alilolitunza miaka tisa. Akalimeza, hata yeye alijua kumeza. Akampa kigoda, na safari hii mzee alikikalia. Kisha akapakua, akianza na mtoto mdogo kuliko wote, akaja kwa anayemfuata, akaja kwa anayemfuata, na mzee akangoja mikono magotini.

Alipofikiwa alikula. Uso ulimkunjamana, watoto wakangoja ateme. Hakutema. Alitafuna polepole kwa meno yake yaliyobaki, akameza.

"Ni mtamu," alisema.

Watoto wakacheka. Nakijwa hakucheka. Alimwona mzee ameinua pua kidogo, upande wa kileleni, kama mbuzi wa zamani.

Na tangu mti ule uliposhuka, mnavu ni mchungu, ni mfupi wa kufikiwa na mtoto, na vitunda vyake vikiiva ni vyeusi kama mboni ya jicho. Haupandwi ndipo uote. Huota wenyewe majivuni, karibu na mlango wa jiko, ili mama asiende mbali. Na tangu jioni ile ya kigoda, kwetu mnavu ukipakuliwa huanza kwa mdogo na kumalizikia kwa mkubwa, hata awe nani. Na mtoto akisema ni mchungu, mzee akasema ni mtamu, msibishane. Wote wawili wanasema kweli. Mmoja anakula mboga, mwingine anakula mti.

Haya. Sahani hizo zimepoa. Anza wewe uliye mdogo.