Zimwi Lililokula Vyungu Vilivyopasuka

Paukwa!

Pakawa!

Haya, sogeeni. Aliyeshiba asinisinzilie.

Hapo kale palikuwa na kijiji cha wafinyanzi, na mkuu wao alikuwa Bibi Nakijwa. Sheria yake ilikuwa moja: chungu chako kikipasuka motoni, hugusi tena udongo. Utawatekea wenzako maji mpaka uzeeke.

Siku moja msichana Nambua akachoma chungu chake cha kwanza. Kikapasuka.

"Kachukue mtungi wa maji," akasema Bibi Nakijwa. "Udongo umekukataa."

"Udongo haujasema kitu, bibi. Umesema wewe."

Basi Nambua akakusanya vigae vyake, akapanda mlima wa zimwi, ambako hata mbuzi hawaendi. Aliogopa, tena sana. Lakini aliona heri aliwe kuliko kuzeeka bila kufinyanga.

Zimwi likatoka pangoni, meno kama majembe.

"Nina njaa," likasema. "Lete hivyo vigae. Ila kwanza niambie, chungu hiki kimekufa kwa nini?"

"Sijui, babu."

"Basi siwezi kukila. Kosa lisilojulikana hunivimbisha tumbo."

Nambua akavigeuza vigae mkononi. "Kilikuwa kibichi. Nilikiharakisha motoni."

Zimwi likatafuna, kwacha kwacha. "Kitamu. Finyanga kingine."

Akafinyanga. Kikapasuka.

"Kimekufa kwa nini?"

"Kitako kinene, ubavu mwembamba."

Kwacha kwacha. "Finyanga kingine."

Akafinyanga. Kikapasuka.

"Kimekufa kwa nini?"

"Udongo mtupu, sikutia mchanga."

Kwacha kwacha. "Finyanga kingine."

Hicho kikatoka motoni kizima. Zimwi likakilamba, likakunja uso.

"Hakiliki hiki. Nenda nacho kwenu."

Nambua akacheka mpaka machozi yakamtoka.

Kijijini wanawake wakakigonga chungu kile, kikatoa mlio safi. Bibi Nakijwa akamvuta Nambua kando.

"Sema nilikufundisha mimi, ukae nasi. La sivyo, mtungi wako ule pale."

Nambua alitamani kukaa na wafinyanzi kuliko kitu chochote duniani. Hata hivyo akawageukia wote.

"Zimwi ndilo lililonifundisha," akasema. "Nilipasua hapa, nikapasua na kule mlimani. Sioni haya."

Kisha mama mmoja akaingia nyumbani kwake, akatoka na kapu la vigae.

"Hiki ni chungu changu," akasema. "Nimekificha uvunguni tangu nilipoolewa."

Mwingine akaenda kufukua nyuma ya jiko. Na mwingine. Na mwingine. Mwishowe wote wakamtazama Bibi Nakijwa.

Bibi akakaa chini.

"Vyangu viko chini ya migomba," akasema. "Ni vingi."

"Kavifukue, bibi," akasema Nambua. "Halafu utuambie vilikufa kwa nini."

Hadithi yangu imeishia hapo, wala siongezi chumvi. Anayelificha kosa lake atalirudia. Anayelitazama ndiye anayejifunza.