Kwa Nini Mtu Hushtuka Akitaka Kuruka Ndotoni

Sogeeni karibu mnisikie. Zamani hizo watu waliota kama sisi tunavyoota, ila hakuna aliyeshtuka usingizini kwa kuhisi anaanguka, wala hakuna aliyemwamsha mwenzake kwa kumshika nyayo. Aliyelala aliitwa jina lake, akaamka, basi.

Katika kijiji cha Mbaru, juu mlimani, waliishi ndugu wawili, Nakiete na mdogo wake Namkunda. Nakiete alikuwa akilinda mtama usiliwe na ndege. Alishinda juu ya dungu, kile kichanja kirefu cha walinda shamba. Mwaka mmoja nguzo ya dungu ilikatika, akaanguka na kuvunjika mguu wa kulia. Mfupa uliunga vibaya. Tangu hapo akawa anauburuta mguu, na kila alipoukanyagia aliuma meno kwa maumivu. Mumewe alikuwa amekwenda mbali kutafuta chumvi, akamwacha na mtoto mchanga aitwaye Mbonea. Ndipo Namkunda akahamia kwa dada yake amsaidie kazi.

Mchana mmoja Nakiete alisinzia kwenye kivuli cha nyumba. Aliota anateremka kisimani na mguu haumuumi. Jambo hilo likamshangaza, na humo humo ndotoni akajua kwamba anaota, na kwamba mwili wake umelala kando ya ukuta wa nyumba yake. Lakini hakuamka. Aliinua mikono, akaruka juu ya migomba na juu ya mlima wenyewe. Alipozinduka alimsimulia mdogo wake huku akicheka. Namkunda alifurahi, maana hakuwa amemsikia akicheka tangu aanguke.

Siku iliyofuata Nakiete alilala asubuhi akaamka adhuhuri. Kisha akawa analala kutwa. Watu waliuita ugonjwa huo zindukio, yaani kuzinduka ndani ya ndoto bila kutoka nje yake. Namkunda alimwita dada yake jina mpaka sauti ikakauka. Alimmwagia maji ya mtungi. Mganga alipiga ngoma mlangoni tangu jua lichomoze hadi likawa utosini. Yote hayakufaa kitu.

Alipoamka mwenyewe siku ya pili, midomo ikiwa imepasuka kwa kiu, Namkunda alimuuliza kama hakusikia kelele zile zote.

"Nilisikia," Nakiete alisema. "Mkiniita, kule naona mtu ananiita. Mkinimwagia maji, kule mvua inanyesha. Ngoma yenu niliicheza."

"Na mtoto, dada? Maziwa yako yanakauka."

"Mbonea ninaye kule, na kule amenenepa. Mimi kule sikanyagi chini, mdogo wangu. Hata mara moja."

Alikunywa uji nusu kibuyu, akajilaza tena.

Safari hii zilipita siku tatu. Mtoto aliyakataa maziwa ya mbuzi, akawa anayatema. Siku ya tatu hakulia tena. Alilegea mgongoni mwa Namkunda kama kitambaa kilicholowa. Pumzi za Nakiete nazo zilikuwa chache, na Namkunda alizihesabu akiwa amemwekea kiganja puani. Ilipita moja, akangoja, akangoja, ndipo ikaja nyingine. Alitaka kukimbia kuwaita majirani, lakini aliogopa kwamba akirudi hataikuta hiyo nyingine.

Hapo ndipo maneno ya dada yake yalipomrudia. Jina lilipata mtu wa kuliita, maji yakapata mvua, ngoma ikapata mchezo. Lakini asiyekanyaga chini, akikanyagishwa ardhi, ataigeuza kuwa nini kule ndotoni? Namkunda alielewa la kufanya, na alijua ni mguu upi.

Alimfungua mtoto mgongoni akamlaza kwenye ngozi. Akampitisha dada yake mikono kwapani, akamburuta hadi uani kwenye udongo mgumu, akamsimamisha. Kwanza nyayo ziligusa ardhi kidogo tu, na Nakiete akakunja uso. Namkunda alifumba macho, akauachia uzito wote wa dada yake uushukie mguu ule mbovu.

Nakiete alipiga yowe lililosikika ng'ambo ya bonde. Kule ndotoni alikuwa juu kabisa, na ghafla akahisi ardhi chini ya unyayo mahali ambapo hapakuwa na ardhi. Aliporomoka. Mwili mzima ulishtuka, akafumbua macho mikononi mwa mdogo wake.

"Nimeanguka mara ya pili, na mara hii umeniangusha wewe," alisema, akalia.

Namkunda alimpa maji, kisha akamwekea Mbonea kifuani. Ilichukua muda mrefu kabla mtoto hajavuta, na alipovuta, yalitoka matone tu. Lakini alivuta. Siku nane Nakiete hakusema na mdogo wake, ingawa hakulala mchana hata mara moja.

Kumbe zindukio lilikwisha kuenea. Waliosikia habari za kuruka walikuwa wamejifunza, na nyumba saba za Mbaru zilikuwa na watu wasioamka, huku ndege wakiumaliza mtama. Aliyewaamsha ni Nakiete mwenyewe. Alipita nyumba kwa nyumba akiuburuta mguu wake, akawashika nyayo na kuzibana kwa nguvu mpaka wakahisi ardhi, wakaporomoka, wakashtuka. Wengine walimtukana. Yeye aliendelea na nyumba iliyofuata. Watoto waliozaliwa baadaye wote waliamshwa hivyo, na wajukuu wao waliotawanyika kila upande pia, hata nyayo zenyewe zikazoea kazi ile.

Na tangu siku hizo, watu wa mlima ule humwamsha aliyelala kwa kumshika nyayo, tena taratibu. Nanyi popote mlipo, mkitambua ndotoni kwamba mnaota, mkainua mikono mkitaka kuruka, hamtakwenda mbali. Nyayo zitaitafuta ardhi zenyewe. Mtu atahisi anaanguka, atashtuka, na kabla hajafumbua macho, mguu wake utakuwa umekwisha kupiga teke kitandani.