Jumbe Mkonongo na Bi Kobe wa Mtoni

Jamani, nianze nisianze?

— Anza, masikio tumeyaleta!

Hapo kale, kale sana, palikuwa na jumbe aitwaye Mkonongo. Kijiji chake kilikaa kando ya mto, na yeye alikaa kando ya sufuria.

Mtoni waliishi kobe wa maji. Kazi yao kula mizoga, maji yabaki safi. Hawakumwudhi mtu. Ila kobe hao wakiuma, wameuma!

Mwaka wa kwanza Jumbe akafukua mayai yao mchangani, akala. Mwaka wa pili akakamata vitoto, akala. Mwaka wa tatu akakamata wakubwa, akala, akalamba na magamba.

Akabaki Bi Kobe mmoja, mzee, ana mayai tumboni.

Mto ukaanza kunuka. Samaki wafu wakaelea, mbwa mfu akaelea, watoto wakaharisha.

Bi Sikitu, mkewe Jumbe, akasema, "Mume wangu, umewala waliokuwa wakitusafishia mto."

"Niache! Amebaki mmoja tu."

Jumbe akavua nguo zote, akaingia majini. Alipoinama kupapasa chini ya jiwe, Bi Kobe akatokea nyuma. Kwap! Tako la kulia.

"Mama yangu weee!"

Kijiji kizima kikaja kutazama.

Jumbe akawaza, "Nikimsemesha, atafungua mdomo."

"Shikamoo, bibi." Kimya.

"Waitwa nani, bibi?" Kimya.

"Basi wataka nini?" Kimya, na taya akakaza.

Bi Sikitu akacheka mpaka akakaa chini. "Mimi najua anachotaka. Apa!"

"Naapa, sili tena kobe wakubwa!" Bi Kobe akalegeza kidogo.

"Wala vitoto!" Akalegeza tena.

Jumbe akataka kuishia hapo. Mayai aliyapenda mno. Bi Kobe akakaza.

"Wala mayai! Wala mayai, bibi yangu!"

Bi Kobe akaachia. "Nitataga palepale mchangani," akasema. "Ukipita, pita mbali."

Mayai yalipoanguliwa, vitoto thelathini vikateremka mtoni. Jumbe mwenyewe alikuwepo, akifukuza kunguru wasivinyakue. Alisimama kutwa nzima, maana kukaa alikuwa bado hawezi.

Fundisho ni hili: viumbe wa mtoni wana kazi yao. Ukiwamaliza kwa ulafi, uchafu waliokuwa wakiusafisha utauoga wewe.

Hadithi yangu imezama majini. Anayeitaka apige mbizi, lakini avae nguo.