Dele la Durari na Kisima cha Zingiti

Alikuwako Sultani Badrani bin Ghaisi katika mji wa Shamsia, na asiyemjua alikuwa hajazaliwa, maana jeshi lake lilipopita asubuhi vumbi lake lilitua magharibi. Na babu yake ndiye aliyeezeka kwa shaba Nyumba ya Durari, ambamo masultani wote, wakubwa kwa wadogo, walikutana kuamua magomvi yao badala ya kuchinjana. Na ada ya nyumba ile ilikuwa moja: kabla ya neno lolote, wote wanywe kahawa ya dele moja, birika moja la shaba kwa wote. Na Jini Dahmani, mwenye pembe kama za nyati na sauti kama mawe yanayoporomoka, alifungwa kwa kiapo kwamba hukumu ya walionywea dele moja ataitimiza yeye, hata ikiwa ni kung'oa mlima.

Lakini yule babu, kwa kuwa alitoa paa, alijipa fadhila: yeye au mrithi wake akipindua finjani yake kifudifudi, kesi imekufa. Fadhila gani hiyo jamani? Mtu ajenge msikiti, kisha wengine wasiswali mpaka apende yeye!

Na dunia haikai. Upande wa mashariki akainuka Sultani Ghalibu wa Bahdari, ambaye baba yake alikuwa akichuuza ngozi sokoni Shamsia, na sasa merikebu zake zimeziba bahari. Naye akataka finjani ya kupindua. Wakatazamana yeye na Badrani kama paka wawili juu ya ukuta, na kwa kuogopana sumu kila mmoja akaanza kuja barazani na dele lake mwenyewe, na mpishi wake, na mwonjaji wake. Dele la wote likabaki kwa wadogo, na wakubwa hawakuligusa tena.

Sasa katika mji mdogo wa Zingiti alitawala mjane mmoja, Mwana Shufaa, mwanamke mwenye ulimi wa pilipili. Na Zingiti walikuwa na kisima kimoja tu cha maji matamu. Akaja Amiri Shekue, mkwe wa Badrani, na askari wake, akajenga ngome juu ya kisima na kusema ni chake tangu enzi za mababu. Watu wa Zingiti wakanywa maji ya chumvi ya mtaroni, na watoto wachanga wakaanza kutapika. Mwana Shufaa akajifunga buibui, akaenda Durari.

Akasimama mbele ya masultani, akasema, "Enyi waheshimiwa, mwaka jana Sultani Ghalibu alipokitwaa kisiwa cha Fukwe, Sultani Badrani alilia hapa mpaka kilemba kikalowa, akasema cha mtu hakichukuliwi kwa upanga. Nami nilimwamini. Basi leo nimekuja na machozi yale yale, nataka nitendewe yale yale."

Badrani akakohoa, akasema, "Ewe Mwana Shufaa, baraza limesikitika. Limesikitika mno. Linazisihi pande zote mbili zijizuie."

"Pande zipi mbili? Mimi nijizuie na nini, na kiu?"

"Mambo ya Fukwe ni mengine na haya ni mengine."

"Tofauti yake nini, mtukufu? Kwamba huyu kakuolea binti?"

Baraza zima likacheka chini chini, na Badrani akapindua finjani yake. Basi, kesi ikafa, na mjane akatolewa nje kama kuku aliyeingia sebuleni.

Pale ukumbini Ghalibu akamfuata, ananukia udi, akasema kwa upole, "Bibi, usihangaike na nyumba ya wazee hawa. Mimi najenga baraza langu, kubwa kuliko hili. Nipe bandari yako, na ukipenda nipe na mkono wako, nami nitamng'oa Shekue kesho."

Mwana Shufaa akamtazama toka kilemba hadi makubadhi. "Na ukishamng'oa Shekue, wewe atakung'oa nani?"

"Utajuta."

"Nishazoea. Kaa na udi wako."

Akatoka uani, na hasira inamchoma kifuani, akamkuta Jini Dahmani amekaa juu ya kuni anajikuna pembe. Naye hakuwa na la kupoteza, akamvaa.

"We jini, mlima unaubeba, watoto wangu wanatapika chumvi, nawe umekaa hapa unajikuna! Huoni haya?"

"Naona, bibi. Lakini mimi sikufungwa kwa paa wala kwa kiti. Nimefungwa kwa dele. Na wakubwa hawa tangu waanze kunywa kila mtu lake, hukumu zao ni upepo, na kupindua kwao ni upepo vilevile. Mtu hawezi kuua kesi ya dele asilonywea."

"Na siku zote hizi umenyamaza?"

"Nani aliniuliza?"

Mwana Shufaa akamtukana tusi ambalo halifai kuandikwa, kisha akarudi mbio. Akawatafuta watawala wa miji midogo, wale waliozoea kukaa karibu na mlango na kuitikia tu, akawaambia nguvu waliyo nayo mikononi, wao ambao bado wanalinywea dele la wote. Wakaogopa. Mmoja akasema atakatiwa chumvi na Badrani, mwingine akasema Ghalibu atamfungia bahari. Na Mwinyi Ngwali wa Kibuni, mjane mwenzake, mtu mnene mwenye maneno ya kuchekesha, akasema, "Sasa hivi tunaliwa mmoja mmoja. Kama ni kuliwa, mimi naomba nikwame kooni." Wakacheka, na kucheka kukawatoa woga.

Wakatandika jamvi uani, wakateleka dele la wote, wakanywa kwa zamu ya kufika na si kwa ukubwa. Na Shekue akaitwa aje anywe na kujitetea, maana Mwana Shufaa alisema, "Hata mwizi asikizwe, nisije nikafanana na wao." Shekue akajibu kwamba hanywi kahawa na wauza mbuzi.

Ndipo Mwinyi Ngwali akaweka finjani chini, na uso wake hauna mzaha tena. "Dada, kabla ya kisima chako. Ile njia ya malisho ya mbuzi wetu wa Kibuni, uliyoiziba kwa miba ulipokuwa na nguvu kutushinda. Nayo tuihukumu hapa, au hapa ni pa kesi zako tu?"

Mwana Shufaa akahisi uso unamwaka. Alikuwa na maneno mengi tayari: mambo ya malisho ni mengine, na haya ni mengine. Yakamfika ulimini, akayasikia yananuka kinywa cha Badrani, akayameza.

"Miba itaondolewa," akasema. "Na mbuzi waliokufa nitawalipa."

Basi hukumu zikatolewa mbili, wala hakuna aliyepindua finjani. Na Dahmani akasimama, pembe zake zikagusa mawingu, akazoa miba ya Kibuni kwa kidole kimoja, kisha akaibeba ngome ya Shekue kama sinia, na askari wake ndani wanapiga mayowe, na Shekue juu ya mnara amekumbatia bendera, akaenda akaitua katika ua wa Badrani, juu ya bustani yake ya waridi. "Mkwe wako huyu," akasema. "Kaa naye."

Kisima kikafunguliwa, watoto wakanywa wakanawiri, na misafara ikaanza kupita Zingiti kwa ajili ya maji yake, na mji ukatajirika. Na Mwana Shufaa akaolewa na Mwinyi Ngwali, si kwa mapenzi ya kuzimia, bali kwa kuwa ndiye mwanamume pekee aliyemwambia kosa lake usoni na bado akamchekesha.

Na Badrani na Ghalibu, walipoona hukumu zinatembea na wao hawamo, wakaja Durari kila mmoja na kiti chake cha dhahabu. Wakaambiwa viti vibaki nje. Badrani akauliza atakaa wapi sasa, mtu kama yeye.

"Nyuma ya yule aliyefika kabla yako," akasema Mwana Shufaa, "na sogea kidogo, bwana, kuna wengine wanakuja."

Hayo ndiyo yaliyokuwa Durari. Na mtu akikwambia sheria ni ya wote, mtazame siku inapomgusa yeye. Usimtazame siku nyingine.