Sindano Iliyokaguliwa na Waziri Faki

Hapo zamani, siku ya Jumanne, tarehe saba ya Mfunguo Tano, saa nne kasorobo ya asubuhi, kivuli cha mnara kikiwa kimegusa kizingiti cha soko, Sultani Madi wa Kitamboni alikaa barazani kumhukumu msichana ambaye kosa lake lilikuwa kutaka kusoma.

Msichana huyo, Mwanaumi binti Shee, alikuwa ameteuliwa kwenda ng'ambo kujifunza utabibu wa macho. Maana Sultani alikuwa na mapatano na mfalme wa huko: huyu apeleke mwanafunzi, na yule alete wake. Wageni walikuja, wakasoma, wakanenepa, wakarudi kwao. Wa Kitamboni hakwenda hata mmoja. Mwangalizi wa safari hizo alikuwa Waziri Faki, mtu mwenye kilemba kikubwa na hofu kubwa kuliko kilemba, naye alishika desturi moja: kila kiingiacho kwa Sultani sharti kipite kwanza kwa Waziri. Kahawa aliionja yeye. Halua aliimega yeye. Marashi alijipaka yeye. Basi akasema kwamba elimu nayo ni kitu kiingiacho, na sharti ikaguliwe kabla mwanafunzi hajaondoka.

"Maulana," alisema siku hiyo, "binti huyu atuletee hapa elimu atakayorudi nayo. Tukiona haina sumu, aende."

"Nitailetaje, bwana, nami sijaifuata?" Mwanaumi akauliza.

"Ndiyo sababu huendi," Waziri akajibu, na wakuu wa baraza wakatikisa vichwa, kwa kuwa hawakuwa na kazi nyingine.

Sultani akamtazama binti kwa jicho la kulia, maana la kushoto lilikuwa limezibwa na mtoto wa jicho, akasema, "Merikebu yang'oa nanga adhuhuri. Ukiileta kabla ya hapo, utapanda. Usipoileta, nafasi yako imepotea, wala usirudi tena kuiomba."

Mwanaumi akalia. Ndipo mjomba wake Shali, fukara aliyekuwa na kanzu moja, nayo ya kuazima, akamwambia, "Nyamaza, mwanangu. Wametaka kuonja; tutawaandalia." Akatoka mbio, akarudi na sinia lililofunikwa kawa, akaliweka miguuni pa Waziri.

"Nini hiki, ewe fukara?"

"Elimu, bwana. Funua."

Waziri akafunua. Sinia lilikuwa tupu, ila sindano moja ndefu, nyembamba.

"Kwa sindano kama hiyo ataondolewa Maulana mtoto wa jicho," akasema Shali. "Nasi hatuvunji desturi. Kahawa waionja kwa ulimi, marashi kwa ngozi. Hii huonjwa kwa jicho. Mwanaumi, ishike. Bwana Waziri, chagua mwenyewe: la kulia au la kushoto?"

Waziri akacheka, akacheka peke yake. Akamgeukia Sultani, naye Sultani akasema, "Ni desturi, Faki. Wewe ndiwe uliyeishika miaka yote. Kaa."

Ikawa Mwanaumi amekwisha kuinua sindano, akaielekeza usoni pa Waziri.

"Maulana, mzuie! Atanipofua! Huyu hajui kitu!"

"Na akitaka kujua, bwana wangu," Shali akauliza kwa upole, "afanyeje?"

"Aende akasome!" Waziri akapiga kelele, amejifunika macho kwa ncha ya kilemba. "Aende kwanza, akasome, kisha ndipo arudi nayo!"

"Maulana amesikia," akasema Shali. "Mwangalizi ameidhinisha."

Sultani akacheka, amri ikatoka, na Mwanaumi akapanda merikebu kabla ya adhana ya adhuhuri.

Wako wasemao kwamba mambo haya yalikuwa siku ya Jumatano. Wamekosea, Jumatano merikebu ilikuwa imekwisha kutoweka machoni. Wengine husema Waziri alitobolewa jicho. Si kweli, sindano haikumgusa, na macho yote mawili alibaki nayo, ingawa hakupata kuyatumia vizuri. Wapo pia wanaosema aliona haya akaacha uwaziri. Huo ni uongo mtupu: kesho yake alikuwa kitini pake, akionja kahawa.

Na wale wasimuliao kwamba Sultani alicheka hata akaanguka, hao hawakuambiwa mwisho wake. Alicheka kidogo tu. Kisha akakumbuka ni nani aliyempa Faki kiti kile, akaligusa jicho lake bovu kwa kidole.